Poseidon, Ketos na swali la Diagoras: Wagiriki wa kale na hofu ya bahari





Baba mmoja ameniandikia baada ya darsa. Mwanawe wa miaka kumi na mbili anayajua majina ya miungu ya Kigiriki kuliko anavyoyajua majina ya Mitume. Poseidon, Medusa, Triton, Kraken, wote anao kichwani, amewatoa kwenye michezo ya simu na katuni. Baba anauliza: nimnyang'anye simu au nimwache? Hilo la simu mtalimaliza wenyewe nyumbani, maana kila mzazi anamjua mwanawe. Mimi nataka kujibu swali lililo nyuma yake. Hawa viumbe ni nani, walitoka wapi, watu waliwaabudu vipi, na waliishia wapi? Somo ni refu kidogo, kwa hiyo kaa kitako na kahawa yako.

Kwanza tusafishe uwanja. Kraken si wa Kigiriki kabisa. Huyo ni dubwana la hekaya za mabaharia wa Norway na majirani zake wa kaskazini mwa Ulaya. Walioingiza jina lake katika kisa cha Kigiriki cha Perseus ni watengeneza filamu, mwaka 1981, na filamu ikarudiwa 2010. Pia wale Sirens, wanawake wanaoimba wakawapoteza mabaharia, watoto wanawachora na mkia wa samaki kama nguva. Ukitazama vyombo vya udongo vya Wagiriki wenyewe utaona wamechorwa ndege wenye vichwa vya wanawake. Mkia wa samaki umekuja baadaye sana.

Sasa tuingie kwenye somo.

Ugiriki ni nchi ya milima na visiwa. Mashamba ni machache, na mtu akitaka nafaka, mbao au madini ya kutosha, ilibidi avuke maji. Bahari ndiyo ilikuwa njia yao ya riziki na ndiyo iliyokuwa kaburi la wengi wao. Hesiod, mshairi aliyeishi karibu mwaka 700 kabla ya Nabii Isa (a.s.), baba yake alikuwa mfanyabiashara wa baharini. Yeye Hesiod aliwashauri watu wasafiri katika siku kama 50 tu baada ya jua kufika kilele cha kiangazi, na hata katika siku hizo akaongeza sharti: kama Poseidon hajaamua kukuangamiza.

Huyo Poseidon ndiye aliyekuwa bwana wa bahari katika imani yao. Walisema yeye na ndugu zake wawili, Zeus na Hades, walipiga kura baada ya kumpindua baba yao. Zeus akapata mbingu, Hades akapata dunia ya wafu, Poseidon akapata bahari. Silaha yake ni mkuki wa meno matatu. Alihusishwa pia na farasi, na alipewa sifa ya mtikisa ardhi, kwa sababu waliamini matetemeko yanatoka kwake. Ibada yake ni ya zamani mno. Huko Pylos, kusini mwa Ugiriki, vilichimbwa vibao vya udongo vya karibu mwaka 1200 kabla ya Isa (a.s.), na ndani yake mna orodha za sadaka alizopelekewa.

Nini walimpa? Mafahali, na mara nyingine farasi. Katika kisa cha Homer kuhusu safari za Odysseus, watu wa Pylos wanaonekana wakiwa ufukweni wamekaa katika makundi tisa, kila kundi mafahali tisa, wote weusi. Piga hesabu: mafahali 81 kwa ibada moja. Watu wa Argos walikuwa na mahali walipotosa farasi wazima majini, na lijamu zikiwa mdomoni. Na kwenye rasi ya Sounion, kusini-mashariki ya Athens, juu ya jabali linalotazama bahari, walimjengea hekalu la marumaru katika karne ya tano kabla ya Isa. Nguzo zake kadhaa bado zimesimama. Baharia aliyekuwa akirudi nyumbani aliliona kabla hajauona mji.

Lakini tabia ya huyu waliyemwabudu ilikuwaje? Hapa ndipo ningependa mtulie. Sikilizeni wanavyosimulia wao wenyewe, maana mimi siwazushii.

Mfalme Laomedon wa Troy alimwajiri Poseidon amjengee ukuta wa mji. Kazi ikaisha, mfalme akakataa kumlipa. Naam, mungu akadhulumiwa ujira kama kibarua wa mjini! Kwa hasira Poseidon akatuma dubwana la baharini likawa linakula watu wa pwani, hata mfalme akaambiwa amtoe binti yake, Hesione, afungwe kwenye mwamba aliwe. Heracles akaja akamwokoa binti kwa ahadi ya kupewa farasi, na Laomedon akamdhulumu na yeye pia.

Mfalme Minos wa Krete aliomba Poseidon amtolee fahali kutoka baharini iwe alama ya ufalme wake, akaahidi kumchinja kwa ajili yake. Fahali akatoka, mzuri ajabu. Minos akamtamani, akamficha, akachinja mwingine. Adhabu haikumpiga Minos peke yake. Ilimpiga mke wake, akatiwa wazimu wa kumpenda fahali yule, na kwa njia hiyo akazaliwa Minotaur, mwili wa mtu na kichwa cha ng'ombe. Mwanamke hakuahidi kitu wala hakuvunja kitu.

Ukiyasoma haya mfululizo unaona mwenendo mmoja. Uhusiano wao na bahari ulikuwa wa deni na malipo. Nipe fahali nikupe upepo. Ukinipunja, nitakutumia dubwana, na dubwana halitachagua mwenye kosa.

Madubwana yenyewe waliyapangia ukoo. Hesiod anasema wazee wawili wa baharini, Phorkys na dada yake Keto, walioana, wakazaa Graiai waliozaliwa na mvi, wakazaa Gorgons watatu ambao Medusa ni mmoja wao, na Echidna pia, nusu mwanamke na nusu nyoka, akawekwa katika nasaba hiyo. Kwa hiyo Medusa, huyu wa nywele za nyoka anayechorwa kwenye fulana za vijana, ni mtu wa ukoo wa bahari. Poseidon alilala naye, na alipokatwa kichwa na Perseus akatoka shingoni mwake farasi mwenye mbawa. Polyphemus, lile jitu la jicho moja lililokula wenzake Odysseus pangoni, ni mtoto wa Poseidon. Odysseus alilipofua jitu hilo ili aokoe roho yake na za wenzake waliobaki, na kwa kosa hilo Poseidon akamsumbua baharini miaka na miaka.

Wapo waliokuwa wapole kidogo. Nereus, mzee wa bahari, hasemi uongo, na ana mabinti 50. Proteus anachunga sili kwenye kisiwa cha Pharos, mbele ya pwani ya Misri, na ukimkamata anageuka simba, nyoka, maji, mti, mpaka achoke ndipo akwambie unalotaka kujua. Triton anapuliza kombe kama baragumu. Hao nawapita haraka.

Scylla na Charybdis siwapiti haraka, kwa sababu hapo tunapata kitu cha kweli kabisa chini ya hadithi.

Homer anasimulia mlango mwembamba wa bahari. Upande mmoja kuna jabali, na ndani ya pango lake anakaa Scylla, miguu 12, shingo sita ndefu, kila kinywa safu tatu za meno. Upande wa pili yuko Charybdis, anayemeza maji ya bahari mara tatu kwa siku na kuyatapika. Odysseus alishauriwa apite karibu na Scylla, kwa kuwa heri kupoteza watu sita kuliko chombo kizima. Akapita, na sita wakanyakuliwa wakimwita kwa jina.

Wagiriki wa baadaye waliuweka mlango huo baina ya Italia na kisiwa cha Sisilia, pale panapoitwa leo Messina. Pahala pembamba kabisa ni kama kilomita 3 tu. Bahari mbili zinakutana hapo, na maji ya upande mmoja yanapojaa, ya upande wa pili yanakupwa. Kwa hiyo mkondo unakwenda kaskazini, kisha baada ya saa kama sita unageuka kwenda kusini, na katika kugeuka huko maji yanajizungusha, yanavuta chini, yanachemka juu. Samaki wa kilindini hutupwa ufukweni wakiwa wameumuka. Meli kubwa ya chuma leo haishtuki, lakini mtu wa mashua ya makasia miaka 2,700 iliyopita alikuwa na haki ya kuogopa.

Na Scylla? Polybius, mwanahistoria wa karne ya pili kabla ya Isa, alisema Homer alikuwa anajua uvuvi wa mahali pale. Wavuvi wa mlango ule walikuwa wanaweka mtu juu ya jabali apeleleze, nao wakimvizia kwa chusa samaki wa jamii ya nduaro, yule mwenye mdomo mrefu kama upanga. Scylla naye, kwa Homer, anavua akiwa juu ya jabali: pomboo, papa, na chochote kikubwa kinachopita. Polybius hakumwona mungu pale. Aliona kazi ya wavuvi iliyovalishwa sura ya dubwana.

Sisi watu wa mwambao tusiwacheke. Mtoto akizama kwenye mkondo tunasema amevutwa na chunusi. Mkondo upo kweli, na hofu ipo kweli. Kinachobaki ni kuulizana nani tumemweka ndani ya mkondo ule.

Sasa Ketos. Jina hili liwekeni akilini, kwa sababu litarudi.

Ketos kwa Kigiriki ni kiumbe kikubwa cha baharini, iwe nyangumi, iwe papa mkubwa, iwe dubwana. Kisa mashuhuri ni cha Andromeda. Mama yake, Cassiopeia, alijisifu kwamba uzuri wake unawashinda mabinti wa Nereus. Mabinti wakamshitakia Poseidon. Poseidon akaleta gharika na Ketos juu ya nchi nzima, mpaka mfalme akamfunga binti yake Andromeda kwa minyororo kwenye mwamba wa pwani. Perseus, akitoka kumkata kichwa Medusa, akapita, akaliua lile dubwana, akamwoa binti. Tena aliyekosa ni mama, na aliyefungwa minyororo ni mtoto.

Wengi walikiweka kisa hiki Yafa, pwani ya Palestina. Josephus, mwanahistoria wa Kiyahudi wa karne ya kwanza, anasema alama za minyororo zilikuwa zikionyeshwa pale mwambani. Na Pliny wa Rumi anaandika kwamba mkubwa mmoja wa Kirumi, Marcus Scaurus, alipokuwa na dhamana ya michezo ya mji, mwaka 58 kabla ya Isa, aliwaonyesha watu mifupa ya dubwana lile iliyoletwa kutoka Yafa: urefu futi 40, mbavu zikipita kimo cha tembo wa Bara Hindi. Mtu wa pwani akisoma vipimo hivyo anamkumbuka nyangumi aliyekufa na kutupwa ufukweni.

Ndugu zangu, Yafa hiyohiyo ndiyo bandari inayotajwa katika Biblia kwamba Yona alipanda jahazi kutoka hapo. Kwetu ni Nabii Yunus (a.s.), na Qur'ani haikututajia bandari. Lakini tazama jambo hili. Wayahudi wa Alexandria walipokitafsiri kitabu chao kwa Kigiriki, yule samaki mkubwa aliyemmeza Yona walimwita kwa neno hilohilo: ketos. Neno moja, bahari moja, na visa viwili vilivyo mbali kama mbingu na ardhi.

Ketos wa Poseidon ni chombo cha kisasi. Anakula mtoto kwa maneno ya mama. Samaki wa Yunus (a.s.) ni mja aliyeamrishwa. Anameza bila kutafuna, anabeba, na akiamrishwa anatema. Hakuna aliyemchinjia fahali ili amwachie Yunus. Kilichotokea ndani ya viza vile ni dua ya mja kwa Mola wake, akikiri kwamba hakuna apasaye kuabudiwa isipokuwa Yeye. Samaki hana hasira yake binafsi, na bahari haina mwenyewe mwingine. Mtoto wa miaka kumi na mbili anaweza kuielewa tofauti hii, ukimkalisha na kumsimulia visa viwili kwa pamoja. Jaribuni.

Tuache hadithi sasa, tuingie kwenye tarehe.

Palikuwa na mji ukiitwa Helike, pwani ya kaskazini ya Peloponnese. Mji huu ulikuwa na hekalu la Poseidon lililoheshimika katika Ugiriki yote. Usiku mmoja wa kipupwe, mwaka 373 kabla ya Isa (a.s.), ardhi ikatetemeka, kisha bahari ikaingia. Mji wote ukazama na watu wake, na meli kumi za Sparta zilizokuwa zimetia nanga bandarini zikapotea. Miaka mingi baadaye wasafiri walikuwa bado wanaelezwa habari za magofu yaliyo chini ya maji. Mwaka 2001 wachimbaji wa mambo ya kale wakayakuta mabaki ya mji chini ya udongo wa bara, pahala palipokuwa na wangwa zamani.

Watu walisema nini? Walisema Poseidon alikasirika kwa sababu watu wa Helike waliwanyima Wagiriki wa ng'ambo ruhusa waliyoiomba kuhusu ibada yake. Yaani mji uliomtumikia kuliko miji mingi ndio alioutia baharini, na kwa sababu ya mzozo wa itifaki za hekalu.

Kabla ya hapo, mwaka 479, jeshi la Waajemi lilikuwa limeuzingira mji wa Potidaea. Bahari ikakupwa kuliko kawaida, askari wakaona njia, wakaanza kupita kwa miguu kwenye mchanga. Maji yakarudi kwa ghafla, makubwa kuliko watu wa pale walivyowahi kuona, wakafa wengi. Herodotus anasimulia kwamba wenyeji walisema ni kwa kuwa Waajemi hao walilivunjia heshima hekalu la Poseidon, na yeye Herodotus akakubaliana nao.

Mwaka 426 likatokea jambo la namna hiyo kwenye pwani ya Euboea. Safari hii aliyeandika ni Thucydides. Hakumtaja Poseidon hata kidogo. Alisema kwa maoni yake sababu ni tetemeko: pale linapopiga kwa nguvu zaidi, bahari inarudi nyuma, kisha inarejea kwa kishindo na kufurika. Bila tetemeko, akasema, haoni jambo kama hilo lingetokeaje. Sisi tuliokuwepo tarehe 26 Desemba 2004, tetemeko la Indonesia lilipotuma maji mpaka Somalia, Kenya na Tanzania, tunajua mtu huyu aliona vizuri. Bahari kurudi nyuma ni onyo la kukimbia. Anayeamini Poseidon amefungua njia atashuka mchangani kama wale Waajemi.

Kwa hiyo si kweli kwamba Wagiriki wote walilala usingizi. Walikuwapo waliouliza. Na aliyeuliza swali kali kuliko wote, kwa maoni yangu, ni mtu aitwaye Diagoras, wa kisiwa cha Melos, karne ya tano kabla ya Isa. Habari yake tunaipata kwa Cicero wa Rumi.

Kisiwa cha Samothrace kilikuwa na hekalu la miungu walioaminiwa kuwalinda mabaharia. Aliyenusurika na dhoruba alikuwa analeta kibao kilichochorwa, kuwa shukrani na utekelezaji wa nadhiri yake. Vibao vikajaa. Rafiki yake Diagoras akamwambia: wewe unayedai miungu hawajali, huoni picha zote hizi za watu waliookoka? Diagoras akamjibu kwamba naam anaona, lakini waliovunjikiwa na vyombo wakafa majini hawakuchorwa popote.

Rudieni hilo, ndugu zangu. Kila mganga ana vibao vyake ukutani. Kila kaburi linaloombwa, kila jabali la pwani linalopakwa mafuta, lina watu wanaosema "mimi niliweka nadhiri nikapata." Waliweka nadhiri wangapi wasipate? Hao hawana kibao. Wapo wavuvi wetu, Waislamu wanaoswali, ambao kabla ya msimu hushusha baharini chano cha chakula na uvumba. Wakirudi salama wanasema chano kimefanya kazi. Chombo kikizama, hakuna anayerudi kuilaumu chano.

Diagoras kisa chake cha pili ni hiki: alikuwa safarini, dhoruba ikachafuka, mabaharia wakasema ni haki yao, wamempakia mtu asiyeamini. Akawaonyesha vyombo vingine vilivyokuwa vikihangaika katika dhoruba ileile, akawauliza kama na kule pia yumo Diagoras.

Lakini mimi na Diagoras tunaachana njiani. Yeye alibomoa, akasimama kwenye kifusi. Miaka zaidi ya elfu moja baadaye mtu mwingine alikuwa chomboni katika dhoruba. Ikrima bin Abi Jahl alikimbia Makka siku ya ufunguzi wake, mwaka wa 8 Hijria, akapanda chombo baharini. Upepo ukawapiga. Wenye chombo, kama ilivyopokewa katika Sunan ya An-Nasai, waliwaambia abiria wamtakasie Mungu dua, kwa kuwa miungu yao haiwafai kitu mahali pale. Ikrima akajiambia: ikiwa baharini haniokoi ila kumtakasia Yeye, basi na nchi kavu haniokoi mwingine. Akaweka ahadi kwamba akitoka salama atakwenda kwa Mtume (s.a.w.) na kumpa mkono. Akaenda, akasilimu. Qur'ani imeitaja tabia hii ya wanaadamu zaidi ya mara moja, kwamba wakiwa chomboni na mawimbi yamewazunguka humwomba Mungu mmoja, na wakifika pwani husahau. Ikrima hakusahau.

Kwa hiyo je, mtoto asisome habari za miungu hawa? Qur'ani yenyewe imetutajia kwa majina masanamu ya watu wa Nuh (a.s.): Wadd, Suwaa, Yaghuth, Yauq na Nasr. Kujua jina la kilichoabudiwa si kukiabudu. Na wanavyuoni wetu walikutana na Poseidon na jamaa zake zamani, tukiangalia walivyowafanya tutapata mfano.

Baghdad ya karne ya tisa ilitafsiri vitabu vya Kigiriki kwa wingi: tiba ya Galen, hesabu za Euclid, falsafa ya Aristotle, falaki ya Ptolemy. Ushairi wa miungu haukuwavutia, waliuacha karibu wote. Hunayn bin Ishaq, mfasiri mkubwa kuliko wote, Mkristo wa Hira, alipotafsiri kitabu cha ndoto cha Artemidorus, palipoandikwa miungu aliweka malaika. Hadithi hata hivyo zina miguu. Safari ya tatu ya Sindbad, mliosoma Alfu Lela Ulela mnaikumbuka: jitu linalochoma watu na kuwala, mabaharia wanalipofua kwa vyuma vya moto, linawatupia mawe chomboni. Mwana wa Poseidon ameingia Basra, amevua jina lake mlangoni.

Ketos naye akapanda juu. Ptolemy wa Alexandria, karne ya pili baada ya Isa, alipanga nyota katika makundi 48, na kisa chote cha Andromeda kimo humo. Abdurrahman As-Sufi, mwanafalaki wa Isfahan, mwaka 964 akaandika kitabu chake cha sura za nyota, akazipima upya nyota za Ptolemy, akasahihisha ung'avu wake, akachora kila kundi mara mbili, moja kama linavyoonekana mbinguni na moja kama lilivyo kwenye tufe. Andromeda akawa "mwanamke aliyefungwa minyororo". Perseus akawa "mbeba kichwa cha ghuli", na nyota iliyo kwenye kichwa cha Medusa dunia nzima inaiita Algol, kutokana na hilo neno letu ghuli. Ketos akaandikwa Qaytus, na nyota ya mkiani inaitwa Deneb Kaitos, mkia wa Qaytus. Hakuna aliyemchinjia. Alikuwa alama ya kuhesabia.

Ptolemy huyo pia aliandika jiografia, na ndani yake imo Rhapta, bandari ya pwani yetu ya Afrika Mashariki. Kabla yake kidogo, karne ya kwanza, mfanyabiashara mmoja wa Misri aliyeandika kwa Kigiriki aliacha kitabu cha mwongozo wa safari za bahari hii, na kinafika mpaka Rhapta. Huyu alikuwa mtu wa lugha ya Homer, amekuja mbali kuliko Odysseus, kwenye maji ambayo Homer hakuyajua. Nilipokisoma kwa tafsiri nilitazamia walau dubwana moja.

Hakuna. Anaandika pembe za ndovu na magamba ya kasa. Anakitaja kisiwa cha Menouthias, ambacho wataalamu wanabishana kama ni Pemba, Unguja au Mafia, na anasema hakina wanyama wakali isipokuwa mamba, nao hawadhuru watu. Wenyeji wana vyombo vya kushonwa kwa kamba na mitumbwi ya gogo moja, na wanavua kasa kwa madema wanayoyatega penye mlango wa maji. Baada ya Rhapta anasema tu kwamba bahari haijachunguzwa, nayo inapinda kuelekea magharibi.

Wallahu a'alam.